Pointi za Namba Nne

Mwezi uliopita nilistaafu kufundisha mpira wa kikapu katika shule moja ya Al Wukair, nje kidogo ya Doha, na walimu wa michezo niliowaacha wameniomba niwaandikie machache kuhusu kazi. Nadhani walichotaka hasa ni kujua ufunguo wa stoo uko wapi. Uko kwa mwalimu wa kuogelea. Mengine ni haya, na naomba myasome hadi mwisho, maana mwanzo wake mmeusikia kwangu mara nyingi na haukuwa sahihi.

Vyeo sitavitaja. Vilikuwa viwili, na kimoja nilikaimu tu.

Nilianza kama gadi. Hapa Doha ukisema ulikuwa gadi watu wanakuuliza ulilinda jengo gani, kwa hiyo nifafanue. Gadi katika mpira wa kikapu ni yule anayepanda na mpira kutoka nyuma, anatazama wenzake wamejipanga wapi, kisha anawagawia. Hiyo sehemu ya kupanda na mpira niliimudu vizuri. Ya kugawa sikuwahi kuifikia.

Hiyo ilikuwa katika chuo cha ualimu chini ya milima ya Upare. Uwanja wetu ulikuwa wa saruji, ringi moja imeinama kidogo upande wa kushoto, na mstari wa pointi tatu ulikuwa bado haujafika kwetu. Jezi zilikuwa fulana za njano za sokoni. Namba tulikatiwa na muuguzi wa zahanati ya chuo kwa plasta nyeupe, ile ya kufungia vidonda, tukazibandika mgongoni. Mimi nilikuwa namba nne. Shabani, rafiki yangu tuliyelala kitanda cha juu na cha chini, alikuwa namba kumi na nne. Alikuwa mrefu, mwembamba, mtu wa Handeni, asiyesema sana. Kazi yake uwanjani ilikuwa kuokota mipira niliyokosa. Hakupata muda wa kupumzika.

Fainali ya vyuo tulicheza na chuo kimoja cha ufundi. Hadi sekunde za mwisho tulikuwa sare, sitini na nane kwa sitini na nane. Mpira ulikuwa kwangu, kwa sababu muda wote ulikuwa kwangu. Nikarusha. Ukazunguka kwenye ringi, ukaingia, filimbi ikalia. Hivyo ndivyo nilivyokuwa nikisimulia. Zakayo, mwanachuo mwenzetu aliyekaa mezani kuandika pointi kwa sababu alikuwa na mwandiko mzuri, alipanda juu ya kiti na kusoma: namba nne, pointi arobaini na tatu. Nikabebwa mabegani kuzunguka uwanja mara mbili. Mara ya pili niliiomba mwenyewe.

Ofisa elimu alikuwepo. Alikuwa na nafasi moja ya mafunzo ya mwaka mzima ya ukufunzi wa michezo, na alisema wazi kuwa ni ya mfungaji bora. Aliandika jina langu kwenye kikaratasi nikiwa bado juu ya mabega ya watu. Shabani alipangiwa shule ya msingi kwao Handeni. Tuliagana stendi, akanipa mkono, akasema, "Nenda salama, mfungaji." Sikumwandikia hata barua moja. Nilikuwa na shughuli nyingi za kuwa mimi.

Nilifundisha nyumbani miaka mingi, kisha nikaja Doha. Kazi ya kwanza ilikuwa ya hotelini, upande wa bwawa na mazoezi. Mkataba ulisema mhudumu wa burudani na siha, maana yake mkunja taulo. Niliishi Al Mansoura, chumba kimoja watu sita: Wakenya, Mganda, Mzanzibari mmoja na mimi. Jioni ya kwanza kila mtu alijitambulisha kwa kwao na kazi yake. Mimi nilijitambulisha kwa pointi zangu.

"Fotithrii," alisema Otieno, Mkenya aliyelala karibu na dirisha. "Hiyo ni saizi ya kiatu ama?"

Tangu siku hiyo nikawa Fotithrii, na nilijifanya jina limenichosha.

Kazi ya shule niliipata kupitia mgeni mmoja wa hotelini, mama aliyekuwa mwalimu mkuu na aliyekuja kuogelea. Nilikuwa nampa taulo na historia yangu kwa wakati mmoja. Siku ya usaili aliniuliza, "Arobaini na tatu, mchezo mmoja?" Nikasema ndiyo. Hilo ndilo swali pekee la kitaalamu nililoulizwa.

Siku ya kwanza kazini watoto thelathini walikaa kwenye sakafu ya mbao kumtazama kocha mpya. Ukumbi ulikuwa na ubaridi wa kiyoyozi, ringi zimenyooka, mipira mipya yenye harufu ya dukani. Nikarusha, nikakosa. Nikakosa mara saba mfululizo. Ya nane iligonga taa. Watoto walikuwa na adabu, wakapiga makofi kwa taa.

Mtu aliyenitoa pale alikuwa Nestor, Mfilipino aliyetunza stoo na kufundisha madarasa ya chini. Wenzake walimwita Kuya, kaka kwa lugha yao, nami nikamwita hivyohivyo. Tulizungumza Kiingereza ambacho kila mmoja alikivunja kwa namna yake. Hapa nakiandika kwa Kiswahili ili tusiaibike wote wawili.

"Wewe umezoea kucheza nje," aliniambia baada ya kipindi. "Mkono wako unasahihisha upepo. Humu ndani hakuna upepo. Acha kuusahihisha."

Ilinichukua muhula mzima kuuacha.

Karibu yote yenye manufaa ninayoyajua nilifundishwa na Kuya. Lowesha sindano ya pampu kabla ya kuichomeka kwenye mpira, la sivyo utalichana tundu na mpira utakuwa unapumua kila wiki. Usiache mipira ndani ya gari mwezi wa saba. Nimewahi kuiacha sita, nikakuta mmoja una umbo la papai. Vumbi likivuma, futa sakafu kwa kitambaa kibichi kabla watoto hawajaingia, hata kama inaonekana safi, maana lile vumbi laini hulioni mpaka mtoto ateleze. Na filimbi ining'inie shingoni. "Ikikaa mdomoni utaipuliza tu," alisema, "hata kama huna cha kusema."

Alikuwa na daftari dogo ambalo katika kila mchezo aliandikia pasi peke yake. Pointi hakuziandika kabisa. Nilimuuliza kwa nini anasumbuka.

"Pointi zina watu wa kuziandika," alisema.

Nilimcheka. Niliwaambia wenzangu wa Al Mansoura kuwa kuna mzee kazini anahesabu pasi, na wao wakacheka pia, ingawa Otieno aliniuliza mimi ningepata ngapi.

Sasa nifike kwa Rashid, kesi ngumu kuliko zote, ambayo niliitengeneza kwa mikono yangu. Alikuwa kijana wa Kisudani aliyekuja kwangu na miaka kumi na miwili, mikono mepesi, miguu isiyotulia. Nilimpenda kwa sababu ile ambayo mtu hupenda kioo. Kabla ya kila mchezo nilimkalisha na kumsimulia fainali yangu. Nilimwambia mfungaji haombi ruhusa. Nilimwambia dakika ya mwisho mpira uwe kwake, na wenzake wataelewa baadaye. Alifunga sana. Tulishinda mechi nyingi, na wavulana wengine wanne walijifunza kukimbia upande wa pili na kurudi.

"Umezaa mwingine kama wewe," Kuya aliniambia siku moja akikusanya mipira. "Na mmoja alikuwa anatosha."

Rashid akaenda kwenye chuo kimoja hapahapa mjini. Mwaka wa kwanza alikuwa mfungaji bora wa timu yao. Mwaka wa pili kocha akabadilika, akamweka benchi. Alikuja kuniona ukumbini, akakaa juu ya mpira kama alivyozoea utotoni.

"Wanasema sitoi pasi, kocha."

"Wanakuonea wivu," nikamwambia.

Niliyasema hayo nikiwa na miaka hamsini na saba, mwalimu mwenye cheti. Kuya wakati huo alikuwa amesharudi kwao, hakuwepo wa kunitazama.

Mwaka uliofuata, Ijumaa moja, nilitoka kwenye ibada ya Kiswahili pale Mesaimeer, kwenye eneo la makanisa. Baada ya ibada watu husimama makundi makundi kwenye kivuli cha majengo, Wakenya huku, sisi huku, kabla ya kutafuta usafiri. Mzee mmoja mwenye miwani alinitazama sana, akaja.

"Ombeni," aliniita kwa jina. "Namba nne."

Alikuwa Zakayo. Alikuja Doha kumtembelea binti yake anayefanya kazi hotelini, na binti alikuwa amesimama pembeni na mkoba wa baba yake. Tukakumbatiana. Kisha nikafanya kile ambacho ningemfanyia yeyote: nikawaita watu. Nikamwita Otieno, nikawaita watu wawili wa kwaya, nikasema, "Mnaona huyu? Huyu ndiye aliyeziandika zile arobaini na tatu kwa mkono wake."

Zakayo alicheka, kicheko kizuri tu cha mtu aliyekumbushwa ujana.

"Bado unazo hizo?" alisema. "Nilidhani Shabani alikwishakwambia."

"Aliniambia nini?"

Aliwatazama wale watu, akanitazama mimi, na nadhani hapo ndipo alipoelewa. Lakini alikuwa mwalimu wa hesabu maisha yake yote, na mwalimu wa hesabu akianza swali hawezi kuliacha.

"Ile plasta," alisema. "Kipindi cha pili jasho lilimzidi Shabani, ile tarakimu ya moja ikabanduka mgongoni. Ikabaki nne. Mimi nikiinua kichwa naona namba nne amefunga, naandika namba nne. Baada ya mchezo Shabani akaja mezani kunywa maji, akanigeuzia mgongo, nikaona. Nikapiga hesabu haraka. Makapu sita yalikuwa yake."

"Kwa nini hukufuta?"

"Ulikuwa mabegani, Ombeni. Na ofisa elimu alikuwa na kalamu mkononi. Mimi nilikuwa kijana wa mwaka wa kwanza, nikaogopa. Nikaipeleka karatasi hivyohivyo."

"Kwa hiyo nilifunga ngapi?"

"Thelathini na moja. Ni nyingi. Kwa siku yoyote ile ni nyingi."

"Na Shabani?"

"Aliandikiwa kumi na nane. Ongeza kumi na mbili."

Nikaongeza. "Basi bado nilimzidi kwa moja," nikasema.

Hilo ndilo neno la kwanza lililonitoka, mbele ya mashahidi, nje ya kanisa. Otieno alinitazama muda mrefu. Njia nzima ya kurudi hakuniita Fotithrii, na hakuniita jina lingine.

Mtaniuliza kama sikuwa najua. Mfungaji akikwambia hahesabu pointi zake, anakudanganya. Siku ile nilikuwa nahesabu, na nilipofika thelathini na kitu nikapotea, nikasema nitaisikia mezani. Zakayo aliposoma arobaini na tatu niliona ni nyingi. Nilishangaa, tena kidogo sana, kama mtu anayepewa mzigo stendi na kuona ni mzuri kuliko ule aliokuja nao. Nikaupokea. Baada ya miaka miwili au mitatu ya kusimulia, nilikuwa nayakumbuka makapu yote, pamoja na yale sita.

Namba ya simu ya Shabani nilipewa na Zakayo Ijumaa hiyohiyo. Nilikaa nayo wiki tatu. Nilijiambia mtandao ni mbaya, nikajiambia ni wakati wa mitihani ya watoto. Kisha Jumamosi moja asubuhi, nikiwa peke yangu ukumbini nikijaza mipira upepo, nikampigia.

Sauti yake ilikuwa ileile, imezeeka pembeni tu. Nilimwambia yote bila kupumzika: plasta, Zakayo, makapu sita, nafasi ya mafunzo. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Nilijua," alisema.

"Tangu lini?"

"Tangu siku ile. Nilijua nimefunga ngapi. Nani hajui?"

"Ulikasirika?"

"Miaka minne sikulitaja jina lako. Nilipanda mahindi nikiwa nimekasirika. Nikaoa nikiwa nimekasirika. Baadaye nikapewa shule, nikawa na watoto wa kuwafundisha, hasira ikakosa muda."

Nikasema, "Zakayo anasema ni thelathini na moja kwa thelathini."

"Zakayo alikuwa anatazama karatasi," alisema Shabani. "Na lile kapu la mwisho?"

"La mwisho nilirusha mimi."

"Ulirusha. Mpira ukazunguka kwenye ringi ukatoka, upande ule ulioinama. Nikaruka nikaurudisha ndani."

Nilijaribu kuuona ule mpira. Niliuona ukizunguka. Kilichofuata baada ya hapo nilikuwa nakikumbuka kwa maneno tu, maneno yangu mwenyewe, yaleyale niliyomwambia Rashid na mwalimu mkuu na watu sita wa Al Mansoura. Picha haikuwepo.

Kwa hiyo ni ishirini na tisa. Shabani thelathini na mbili. Nilikata simu haraka kidogo, maana niliona tukiendelea kuzungumza nitabaki na kumi.

Naandika kwa mzaha kwa sababu ndivyo ninavyoweza, lakini mjue uzito wake. Mfungaji bora alikuwa yeye. Yale mafunzo yalikuwa yake, na cheti, na labda hata huu ukumbi wa mbao na miaka yangu ndani yake. Wiki iliyofuata nilimpigia tena kumwambia hivyo. Aliniuliza nataka afanye nini, apande ndege? Kisha akasema shule yake ina ringi moja waliyochomelea wenyewe, na kwamba yeye hakuwahi kuacha kufundisha kikapu, cheti kiwepo kisiwepo.

Wa kwanza kumweleza hapa alikuwa Rashid. Nilimwita, nikamsimulia fainali kwa mara ya mwisho, safari hii nikirudisha makapu yote kwa wenyewe. Alisikiliza akiudundisha mpira taratibu.

"Huyo namba kumi na nne," alisema, "ulikuwa unampa pasi?"

"Sikumbuki hata moja."

"Sasa alifungaje thelathini na mbili?"

"Kwa mipira niliyokosa."

Aliacha kuudundisha. Mimi kwa mara ya kwanza sikuongeza ushauri. Nasikia sasa anacheza dakika kumi na tano kila mchezo. Kocha wake anasema anajitahidi. Mimi najua ni kazi gani kumtoa mtu nilichomwingiza, nikiwa nimekipalilia miaka sita.

Siku ya kuagwa kwangu shule nzima ilikusanyika ukumbini. Mwalimu mkuu wa sasa, kijana mwenye tai, alisoma wasifu wangu, akaanza na arobaini na tatu kama walivyoanza wote kabla yake. Wakanipa jezi ya zawadi yenye namba hiyo mgongoni, imechapwa vizuri, haibanduki. Nikapewa kipaza sauti.

Nikawaambia. Nilisema hazikuwa arobaini na tatu, zilikuwa ishirini na tisa. Nikawaeleza habari ya plasta na lile kapu la mwisho. Nikamtaja Shabani kwa jina, nikasema alifunga thelathini na mbili, na nafasi iliyonifikisha mbele yao ilikuwa yake. Nilikuwa nimejiandaa kwa ukimya, au kwa minong'ono.

Walipiga makofi wamesimama. Mwalimu mkuu alichukua kipaza sauti akiwa na machozi, akasema, "Wanafunzi, mmeona unyenyekevu? Huyu ndiye Kocha Fotithrii." Mwalimu wa Kiarabu aliniambia mlangoni kuwa hajawahi kusikia mtu akijishusha hivyo kumpandisha rafiki. Nilimwambia ni kweli. Akasema, ndiyo, ndiyo, akanibana mkono.

Alasiri nilimpigia Shabani nikiwa bado kwenye maegesho ya shule, jezi begani. Nilimwambia nimesema yote, mbele ya watu wote, na hawakuniamini.

Alicheka. Sikuwa nimemsikia akicheka tangu chuoni.

"Umeona?" alisema. "Wewe mwenyewe umesema, na hawajaamini. Mimi ningesema siku ile, wewe ukiwa mabegani, nani angenisikiliza?"

Nikamuuliza kama mvua imenyesha huko Handeni. Akasema imenyesha, ila kidogo, na watoto wanacheza kwenye tope.